Mkono mmoja usishike milango yote ya mchekeshaji: barua ya wazi kutoka Kisumu

Kwa waheshimiwa magavana wa kaunti 14 za ukanda wa ziwa, kwa gavana wa Nakuru, kwa mawaziri wa kaunti wanaosimamia utamaduni na vijana, na kwa wasimamizi wa filamu na utangazaji nchini.

Waheshimiwa,

Jumamosi mbili zilizopita, tukiwa kwenye mazoezi chini ya mwembe ulio nyuma ya kanisa moja hapa Manyatta, kijana mmoja wa kundi letu aliniuliza swali nililoshindwa kulijibu papo hapo. Ana umri wa miaka 22. Anaigiza, anachekesha, na akimwiga mwanasiasa, ukifumba macho utaapa mheshimiwa mwenyewe kafika. Wiki ile kituo kimoja cha redio kilikuwa kimemwita awe na dakika kumi kila asubuhi katika kipindi cha siasa, atoe tashtiti juu ya habari za siku. Nilidhani atakuja akirukaruka. Alikuja na hofu. "Mwalimu," akaniambia, "nikishaanza kuwasema wakubwa redioni, nani atanipa kazi ya filamu tena? Nani atanipandisha jukwaani kwenye sherehe ya kaunti?"

Nimemfundisha kupumua, kusimama, na kusubiri kicheko kiishe ndipo atamke neno linalofuata. Hilo la nani atampa kazi sikuwahi kumfundisha, kwa sababu jibu lake mnalo ninyi. Ndiyo maana nawaandikia.

Mimi ni mwalimu wa maigizo. Kabla ya hapo nilikaa miaka minne katika chumba cha mitambo cha redio nikiwa fundi wa sauti, nikiwasikiliza Wakenya wakipiga simu kuanzia saa kumi na mbili asubuhi, wengine wakiwa bado kitandani, wengine wakiwa wamebanwa kwenye matatu. Ninayoyasema hapa nimeyaona kwa macho yangu, jukwaani na nyuma ya kioo cha studio.

Kwanza tuelewane kuhusu kazi yenyewe. Maofisini mwenu filamu ina dawati lake, utamaduni una dawati lake, na mambo ya redio yako kwa mkurugenzi wa mawasiliano. Mchekeshaji hakugawanywa hivyo. Kipaji chake ni kimoja, nacho ni sikio. Aliyesikia jinsi karani anavyokohoa kabla ya kudai kitu kidogo ndiye atakayeandika igizo la televisheni. Ndiye atakayecheza nafasi ya kuhuzunisha katika filamu mpaka watu walie. Na ndiye atakayekaa redioni asubuhi amwulize mbunge swali ambalo mwanahabari mwenye tai amekuwa akilizungukazunguka.

Tazameni historia yetu wenyewe. Mwishoni mwa miaka ya 1990 vijana watatu waliokutana Chuo Kikuu cha Kenyatta, Walter Mong'are, Tony Njuguna na John Kiarie, waliunda kundi la Redykyulass. Walimwiga Rais Moi kwenye televisheni Moi akiwa bado Ikulu. Kijana wa leo hawezi kulipima jambo hilo. Sisi tulikulia katika nchi ambayo mtu mzima alitazama kushoto na kulia kabla ya kulitaja jina la rais ndani ya basi. Baba yangu, kipindi kile kikianza, alikuwa akipunguza sauti ya televisheni, kisha anavuta kiti chake karibu. Sijawahi kuisahau picha hiyo: mzee wangu ameinama, sikio karibu na spika, mabega yanatikisika kwa kicheko alichokuwa anakificha ndani ya nyumba yake mwenyewe.

Na njia zao baadaye? Mong'are, ambaye wengi tunamjua kwa jina la Nyambane, akawa sauti ya redio za asubuhi. Kiarie aliingia siasa, na mwaka 2017 watu wa Dagoretti Kusini wakamchagua kuwa mbunge wao. Daniel Ndambuki, Churchill wetu, amekuwa jukwaani, kwenye televisheni na redioni kwa wakati mmoja kwa miaka mingi. Felix Odiwuor alipata jina la Jalang'o kwenye igizo la televisheni, akahamia redio, akazungumza na nchi kila asubuhi, na mwaka 2022 Lang'ata wakampeleka bungeni. Eric Omondi, aliyepandia jukwaa la Churchill, alikamatwa karibu na Bunge Februari 2023 akiongoza vijana kulalamikia gharama ya maisha. Unaweza kuwapenda au kuwachukia katika siasa zao, na mimi nina maoni yangu ambayo hayana nafasi hapa. Ninachotaka muone ni kwamba hakuna hata mmoja aliyekaa katika chumba kimoja. Kicheko kiliwatembeza kutoka jukwaani hadi kwenye kamera, kutoka kwenye kamera hadi kwenye maikrofoni ya siasa, na wakati mwingine kikawarudisha tena.

Kuna mmoja ninayetaka kukaa naye zaidi, kwa sababu ni wetu. Charles Bukeko alikuwa mwana wa Busia. Nchi ilimwita Papa Shirandula. Kwa wale ambao hawakukitazama kipindi kile kwenye televisheni ya Citizen, alikuwa bawabu anayetoka nyumbani amevaa suti, akifika kazini anabadilisha, anavaa sare ya ulinzi, na jioni anarudi na suti yake ili familia isijue. Nchi ilivunjika mbavu. Nyumbani kwetu watu walicheka pia, lakini kuna jirani yetu mmoja aliyekuwa akiinuka na kutoka nje kila kipindi kile kikianza. Miaka mingi baadaye ndipo nilipojua kwamba alikuwa bawabu Industrial Area, na mkewe alikuwa akiamini ni karani wa bohari.

Waheshimiwa, hakuna waziri aliyetajwa katika igizo lile, lakini lilikuwa siasa tupu. Lilisema mambo kuhusu mishahara, kuhusu aibu, kuhusu wanaume wa Busia na Kakamega na Vihiga wanaolinda milango ya watu wengine usiku kucha. Hakuna ripoti ya kamati yoyote iliyowahi kuyasema wazi hivyo. Bukeko alicheza filamu pia, na tangazo lake la soda lilionekana katika nchi nyingi za Afrika. Covid-19 ilimchukua tarehe 18 Julai 2020, Nairobi. Siku chache baadaye alizikwa nyumbani Busia. Kazi iliyompa jina aliifanyia mbali na kwao, na tulipompokea tulimpokea kwenye jeneza.

Hapo ndipo uchungu wangu unapoanzia. Lafudhi zetu zimeichekesha Kenya kwa zaidi ya miaka arobaini. Mzee Ojwang' wa Vitimbi, igizo la kuchekesha la televisheni, aliyefariki Julai 2015, jina lake halisi lilikuwa Benson Wanjau. Alikuwa Mkikuyu aliyejifunza Kiswahili chenye ladha ya Kijaluo mpaka watu wa huku walimwita ndugu. Nilimpenda na nampenda bado. Lakini hebu fikirini: taifa zima limetumia ndimi za ukanda huu kujichekesha, na mtoto wa mtaa wa Nyalenda hapa Kisumu mwenye ulimi huo huo tangu kuzaliwa hana ubao wa kusimamia. Akitaka kufanikiwa, nauli ya basi la usiku kwenda Nairobi ndiyo ada yake ya kwanza. Nimewasindikiza wengi kwenye stendi. Wengine sasa mnawaona kwenye televisheni. Wengine wanauza kadi za simu Githurai na hawapendi kuulizwa habari za maigizo.

Narudi kwa kijana wangu. Nilipokosa jibu la hapa nyumbani nilimsimulia habari za mwanamke wa Marekani, Janeane Garofalo, kwa sababu maisha yake yanafanana sana na swali lake. Alizaliwa New Jersey mwaka 1964. Alianza peke yake na kipaza sauti kwenye vilabu. Mwaka 1992 akaingia televisheni katika kipindi cha vichekesho cha Ben Stiller, kikafutwa baada ya miezi michache. Akapata nafasi katika tamthilia nyingine ya kuchekesha, na nafasi hiyo ikamfanya ateuliwe mara mbili kuwania tuzo za Emmy. Mwaka 1994 akajiunga na kipindi maarufu cha Jumamosi usiku kinachotoka New York, hakukipenda, akaondoka kabla msimu haujaisha. Akacheza filamu, nyingine akiwa mhusika mkuu. Mwaka 2003, nchi yake ilipokuwa inajiandaa kuivamia Iraq, akaenda kwenye televisheni akapinga vita waziwazi. Alitukanwa vibaya sana kwa hilo. Machi 2004 ilipoanzishwa Air America, redio ya mazungumzo ya siasa ya mrengo wa kushoto, akawa mtangazaji wa jioni pamoja na Sam Seder, na akakaa hapo hadi mwaka 2006.

Redio hiyo haikudumu. Oktoba 2006 ilijitangaza muflisi, na Januari 2010 ikazima mitambo kabisa. Kijana wangu aliposikia hivyo akanitazama kama mtu aliyethibitishiwa hofu yake. Nikamwambia asubiri. Mwaka 2007 dunia nzima ilisikia sauti ya Garofalo ikimwigiza mpishi wa kike katika filamu ya katuni, na mwaka 2009 alikuwa afisa wa FBI katika tamthilia ya televisheni, zile za risasi na mabomu, mbali kabisa na vichekesho. Mwenzake wa redio hiyo hiyo, Al Franken, mwandishi wa vichekesho vya televisheni kwa miaka mingi, aligombea useneta Minnesota na akashinda kwa kura 312 baada ya kura kuhesabiwa upya na kesi mahakamani. Alijiuzulu baadaye kwa tuhuma za kuwadhalilisha wanawake, na katika hilo simtetei. Namtaja kwa sababu njia ilikuwepo.

"Sasa mbona yeye hakumalizwa?" kijana akauliza.

Nimelifikiria swali hilo kwa wiki mbili. Haiwezi kuwa kwamba Wamarekani wanapenda kusemwa, maana walimtukana vya kutosha. Jibu nililolipata ni hili: aliyekuwa na ufunguo wa redio si yeye aliyekuwa na ufunguo wa filamu, na mwenye klabu ya vichekesho hakuwa akimtegemea yeyote kati yao. Mlango mmoja ukifungwa, mwingine uko mikononi mwa mtu mwingine, mwenye hesabu zake na maslahi yake. Kwetu huku, mkono mmoja unashika vitasa vyote. Ukumbi wa umma ni wa serikali. Sherehe zinazolipa, kuanzia Madaraka hadi kongamano la wawekezaji, ni za serikali. Kibali cha kupiga picha sokoni au ufuoni kinatoka serikalini. Na redio ndogo za huku, zile zinazosikika kwenye vibanda vya samaki na kwenye bodaboda, zinaishi kwa matangazo, na mtangazaji mkubwa zaidi wa bidhaa na shughuli katika mji mdogo ni serikali ya kaunti. Mkono huo ukikasirika mara moja tu, mchekeshaji hana pa kuhamia.

Niwape ushahidi wangu. Nilipokuwa fundi wa sauti, tulikuwa na mwigizaji aliyebuni mhusika wa ofisa wa barabara. Hakumtaja mtu yeyote kwa jina. Ofisa huyo alikuwa akifungua shimo moja la barabara kila Jumatatu, anakata utepe, anawashukuru wananchi kwa subira yao. Watu waliipenda sana. Wenye bodaboda walikuwa wakipiga simu kuorodhesha mashimo yao, kila mmoja akiomba lake lifunguliwe rasmi. Wiki ya tatu meneja aliitwa kwenye simu. Nilikuwa mlangoni nikisubiri kusaini karatasi za zamu, nikasikia upande wake wa mazungumzo. Aliitikia "ndiyo mheshimiwa" mara nne. Alipokata simu akaniambia kwamba matangazo ya kaunti yatakatwa mwisho wa mwezi kama yule ofisa wa barabara ataendelea kusikika. Kaunti yenyewe sitaitaja, wala kituo. Hakuna barua iliyoandikwa. Hakuna sheria iliyotajwa. Mwigizaji aliambiwa apumzike kidogo. Muda si mrefu alikosa pia kazi ya kusherehesha aliyokuwa ameahidiwa kwenye hafla ya umma, na ukumbi tuliokuwa tumeuomba kwa onyesho lake ukawa na "shughuli nyingine". Leo anauza viatu vya mitumba Kibuye. Nikipita anaigiza sauti moja mbili kwa ajili yangu, na wateja wanacheka.

Najua baadhi yenu mtaniambia kwamba maikrofoni ya siasa ni hatari, na kwamba sisi tunajua hilo kuliko wengine. Ni kweli. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 watu walikufa, Kisumu na Nakuru zikiwa miongoni mwa miji iliyoumia sana, na mtangazaji mmoja wa redio, Joshua Sang, alipelekwa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, Hague, hadi kesi yake ilipokomeshwa Aprili 2016. Sikulisahau hilo nilipokuwa nyuma ya mitambo. Kidole changu kilikuwa juu ya kitufe cha kukata sauti kila siku. Lakini miaka minne ilinifundisha tofauti moja. Mchochezi anawaelekeza wasikilizaji kwa jirani yao. Mchekeshaji mzuri wa siasa anawaelekeza juu, kwa mwenye mamlaka, na mara nyingi kicheko chake kinampunguzia mtu hasira aliyoamka nayo. Nilisikia wapiga simu wakianza kwa matusi na kumalizia kwa kucheka. Kama mnaogopa chuki redioni, wekeni wachekeshaji waliofunzwa kwenye vipindi hivyo, wenye muda wa kuandika na mhariri wa kuwasomea kazi. Sheria dhidi ya uchochezi ipo. Itumieni kwa uchochezi.

Na mazoea ya kuizuia sanaa yamefika hata kwa watoto. Mwaka 2013 igizo la Shule ya Wasichana ya Butere, Kakamega, lilipigwa marufuku na mahakama kuu ikaamua lichezwe. Aprili 2025, shule hiyo hiyo, igizo jingine, mahakama ikaagiza tena waruhusiwe. Walifika tamasha la kitaifa Nakuru, wakaimba wimbo wa taifa, wakatoka bila kuigiza, wakisema hawakuwekewa vifaa wala watazamaji, na nje polisi walirusha vitoa machozi. Nilikuwa nimewaleta wanafunzi wanne kutazama. Mmoja wao, msichana wa miaka 15, aliniuliza kama bado aendelee na maigizo au ahamie mpira wa wavu. Yuko kwenye mpira wa wavu sasa. Kifungu cha 33 cha Katiba kinataja uhuru wa ubunifu wa kisanaa kwa maneno hayo hayo, na watoto wanakisoma darasani.

Kuhusu filamu sitasema mengi. Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, ni sheria ya mwaka 1962, wakati kamera ilibebwa na watu wawili. Inataka leseni kabla ya kutengeneza filamu ya kuonyeshwa umma. Mwaka jana kundi letu lilitaka kutengeneza filamu fupi ya dakika 12, kwa simu, kuhusu mvuvi ambaye boti yake imezingirwa na gugu maji huku mgombea wa kisiasa akimhutubia kutoka ufuoni. Tuliomba ruhusa katika ofisi moja, tukatumwa nyingine, tukarudishwa ya kwanza. Wiki tatu. Ruhusa ilipotoka upepo ulikuwa umelisukuma gugu lote upande wa pili wa ghuba, na maji yalikuwa meupe kama sahani. Tulikaa ufuoni na vazi letu la mgombea, na wavuvi wakatuuliza tumepoteza nini.

Sasa ninayoyaomba.

Waheshimiwa magavana, Katiba ya 2010, katika Jedwali la Nne, iliwapa ninyi kazi ya burudani ya umma: sinema, maonyesho ya video, shughuli za utamaduni na majengo yake. Si fadhila mnayotuombea Nairobi. Ni yenu. Mnapotaka kujenga mnajua kujenga. Uwanja wa Mamboleo ulikuwa tayari kwa Madaraka ya Juni 2021, na Mei mwaka uliofuata tukapokea mkutano wa Africities na wageni kutoka bara zima. Mimi siombi uwanja. Naomba ukumbi wa watu 200, wenye taa nne na mlango wa nyuma, katika kila mji mkuu wa kaunti, na usiwe chini ya ofisi ya gavana. Uwekeni chini ya bodi ndogo ya walimu, wasanii na wafanyabiashara, yenye ratiba iliyobandikwa ukutani. Anayekuja kwanza anaandikwa kwanza, hata kama ameandika kumsema gavana. Nakuru wana Nakuru Players Theatre, ukumbi mdogo wa tangu enzi za mkoloni, na ninyi wa Nakuru mnajua ni wasanii wangapi walipanda jukwaa mara ya kwanza pale. Ulindeni. Wengine nendeni mkauangalie.

Kuhusu matangazo ya kaunti redioni: pitisheni katika mabunge yenu kanuni kwamba fedha hizo zinagawanywa kwa hesabu ya wasikilizaji na eneo la masafa, zichapishwe kila robo mwaka, kituo gani kilipewa shilingi ngapi. Kukatwa kwa tangazo kuwe na sababu iliyoandikwa na kusainiwa. Hilo tu. Simu kama ile niliyoisikia mlangoni haiwezi kuishi penye karatasi. Kati ya yote ninayoomba hapa hili ndilo la bei nafuu, na naamini ndilo litakalowawia zito zaidi.

Wasimamizi wa filamu, wekeni ruhusa ya siku tatu kwa filamu fupi zinazotengenezwa kwa simu na vijana wasio na kampuni, iombwe na itolewe hapa hapa, kwa dirisha moja. Wenye vituo vya redio na televisheni, nanyi mna sehemu yenu. Mnawalipa wachekeshaji kwa kipindi, bila mkataba, na kipindi kikirudiwa mara ishirini hawapati kitu. Tulimchangia Mzee Ojwang' atibiwe macho yake nchi ikiwa bado inamtazama kwenye marudio. Andikeni mikataba inayotaja marudio, na inayosema kwamba mchekeshaji wa kipindi cha siasa hatafukuzwa kwa simu ya mtu asiye mwajiri wake.

Kuna mahali katikati ya mji huu ambapo watu husimama kila siku wakijadili siasa, Bunge la Mwananchi. Hawana maikrofoni wala kiyoyozi. Nimewapeleka wanafunzi wangu pale mara nyingi, wasikilize tu. Kuna mzee mmoja anayeweza kueleza bajeti ya kaunti kwa mfano wa sufuria ya ugali na watoto saba, na watu hamsini wanacheka kisha wananyamaza ghafla, kwa sababu wameelewa. Nikimwona pale huwa najiuliza ni kipindi gani cha redio angekuwa akikiongoza leo kama angezaliwa mahali penye milango mingi.

Kijana wangu ameamua kwenda. Tulikaa naye Jumamosi hii mpaka giza likaingia, tukaandika dakika kumi za kwanza, tukazifuta, tukaziandika upya. Ameondoa mzaha mmoja kuhusu kabila la mtu bila mimi kumwambia. Kilichobaki kinahusu maji ya bomba, basari, na ofisa mmoja wa kubuni anayejibu kila swali kwa kusema suala liko mezani. Anaanza Jumatatu, saa moja na robo asubuhi. Msikilizeni. Akimaliza, naomba simu ya meneja wake isilie.

Wenu,
Mwalimu wa maigizo,
Manyatta, Kisumu